Paja zima la mbuzi la kuoka: upake rojo la ukwaju, la embe au la nanasi?

Idi ikikaribia watu wanaulizana hili, Krismasi ikikaribia wanaulizana tena: paja zima lipo, moto upo, sasa lipakwe tunda gani ling'ae lishike rangi bila kuungua. Wenye haraka chukueni jibu langu hapa hapa, ni ukwaju. Embe la pili na ni msimu wake tu, nanasi la tatu tena kwa masharti, na tende peke yake mimi siipendekezi ila ukiichanganya na ukwaju hapo tunaelewana. Sababu ndio nataka kuzieleza vizuri, manake watu wengi wanachagua tunda kwa utamu, na kwa mbuzi utamu ndio kitu cha mwisho kuangalia.

Mapishi mengi ya nyama ya kuoka na rojo la matunda unayoyaona kwenye video yametoka kwenye hemu. Hemu ni paja la nguruwe lililolazwa kwenye chumvi siku nyingi na mara nyingi likafukizwa moshi, kwetu Waislamu haliwi na hilo halina mjadala, lakini namna ya kulioka ni ujuzi na ujuzi unahamishika. Wale wanachanja mafuta ya juu vidirisha vidirisha, kila kidirisha wanachomeka karafuu moja, alafu dakika za mwisho wanapaka sukari na nanasi mpaka inang'aa. Kwao inakubali kwa sababu nyama yenyewe ina chumvi mpaka ndani kwa hio ule utamu unakuja kuituliza, na tena hemu nyingi za dukani zishapikwa, oveni inaipasha moto tu na kuipa rangi. Mbuzi ni kinyume chake kwa kila kitu. Ni mbichi, hana chumvi, mafuta ya juu kidogo sana, na ana ile harufu yake hasa akiwa beberu aliyekomaa. Ukimvisha mbuzi mapishi ya hemu kama yalivyo utapata nyama ina jamu juu na ndani haina ladha yoyote. Ndio nasema kwa mbuzi tafuta ukali kwanza, chumvi ya pili, utamu wa tatu, na ukipanga hivo matunda yenyewe yanajipanga.

Sasa ukwaju. Katika matunda tunayoyapata sokoni hapa Malindi hakuna la kushindana nao kwa ukali ukiondoa ndimu, na ndimu haina mwili, ni maji matupu, ukiipaka inateremka yote chini ya trei. Ukwaju una mwili. Ukiuchemsha unakuwa mzito wenyewe bila unga wala chochote, kwa sababu ndani yake kuna ile gundi gundi ya matunda inayofanya jamu ishikane, na hio gundi inapenda ukali na sukari vikutane ndio ikaze. Kwa hio rojo la ukwaju linashika kwenye nyama, likipigwa na moto linakauka juu na kufanya ngozi nyembamba inayong'aa rangi ya kahawia iliyoiva, na ule ukali unakata harufu ya mbuzi na unakata mafuta. Waliozoea mishikaki ya ukwaju wanajua ninachosema, hii ni mishikaki ile ile imekuwa paja.

Kipimo changu kwa paja la kilo 2 hivi: ukwaju gramu 150, maji ya moto kikombe kimoja, uache uloweke kama dakika 20 alafu uupondeponde kwa vidole, vidole kabisa sio kijiko, manake kwa vidole unasikia kokwa na zile nyuzi ngumu na unajua nyama yote ishatoka au bado. Chuja kwa chujio la matundu makubwa kidogo, chujio la chai litaziba utakasirika bure. Weka kwenye sufuria ndogo na sukari guru gramu 100, thomu punje 4 zilizopondwa, tangawizi mbichi kipande cha kidole gumba, bizari nyembamba iliyokaangwa na kusagwa kijiko cha chai, pilipili manga, pilipili ya unga kiasi chako na chumvi. Moto mdogo. Mwanzo povu litakuwa dogo dogo la haraka haraka, baadae linakuwa mapovu makubwa mazito yanayopasuka polepole kwa sauti, hapo dondosha tone kwenye kisahani kilichotoka frijini, ukiinamisha kisahani tone likiteremka kwa kujivuta basi epua. Usisubiri liwe zito kama asali, likipoa litazidi kukaza na utashindwa kulipaka.

Kitu kingine kinachonifanya niuweke ukwaju mbele ni kwamba upo mwaka mzima. Ukikaushwa na kufinyangwa unakaa miezi kabatini. Idi haikai pahali pamoja, kila mwaka inarudi nyuma kama siku 11, mwaka 2019 Idi ya kuchinja ilikuwa Agosti na mwaka 2024 ilikuwa katikati ya Juni, sasa ukizoea pishi la tunda la msimu kuna miaka utakwama. Ukwaju haukukwamishi.

Embe lina raha yake na sitaki kulionea, hasa kwa wanaokula Krismasi manake Disemba ndio maembe yamejaa, huku kwetu msimu mkubwa unaanza kama Novemba na kuendelea mpaka Machi hivi, na unayapata kwa bei ya kutupa. Rangi yake kwenye nyama ni nzuri kushinda zote, manjano ya dhahabu yenye madoa ya kahawia pale moto ulipobusu, ukiileta mezani kila mtu atatoa simu. Watoto wanalipenda zaidi pia, ukwaju wengine unawachoma ulimi. Lakini chagua embe sawasawa. Ngowe ni zuri sana kwa kazi hii, nyama yake laini haina nyuzi nyingi na rangi ni nzito, Apple nalo sawa, lakini maembe yenye nyuzi utayasaga kwenye blenda na bado utakuta nyuzi zimesimama juu ya nyama zinaungua moja moja na kuwa nyeusi. Na usichukue lililoiva mpaka limelegea. Chukua mawili yaliyoiva na moja ambalo bado gumu lina ukali, yasage pamoja, hilo gumu ndio linalookoa rojo lisiwe juisi ya embe iliyochemshwa. Ongeza ndimu 2, siki kijiko kimoja, tangawizi nyingi kuliko ile ya ukwaju na pilipili mbuzi nzima isiyopasuliwa uitoe mwisho, ile harufu ya pilipili mbuzi na embe zinaelewana ajabu. Sukari usitie kabisa, ya embe yenyewe inatosha.

Shida ya embe ni kuungua. Ni zito tokea mwanzo, lina sukari nyingi, na ukilipaka nene linakauka juu huku chini bado bichi, alafu linapasuka na kubanduka kama gamba. Kwa hio embe linataka kupakwa jembamba mara nyingi na linataka mtu asimame hapo hapo, na kama nyumba ina wageni na watoto na sufuria ya pilau inakungoja upande wa pili huo ni mtihani. Ukwaju unakusamehe ukigeuka kidogo, embe halisamehi.

Nanasi ndio kila mtu anakimbilia kwa sababu ndilo analoliona kwenye hemu za watu wa nje. Nalipenda nanasi, yale ya Magarini yakiiva sawa unayasikia harufu kabla hujayaona, ila kwa paja la mbuzi lina mambo mawili yanayonisumbua. La kwanza ni maji. Juisi ya nanasi nyepesi mno, lazima uichemshe muda mrefu mpaka ipungue sana ndio ishike, na ikifika hapo ile harufu yake ya ubichi tamu ishaondoka na kilichobaki ni sukari tu. La pili ndilo kubwa. Nanasi bichi lina kimeng'enya kinaitwa bromelini kinachokata protini ya nyama, ni ndugu wa kile cha papai bichi tunalotumia kulainisha mishikaki. Ukiloweka nyama kwenye nanasi bichi usiku kucha asubuhi utaikuta nje imekuwa uji uji, ukiibonyeza inaacha alama ya kidole, na ndani kule kwenye mfupa bado ngumu vile vile kwa sababu hakijafika. Hio nyama hata uioke vipi haitarudi kuwa nyama. Kikichemka kinakufa, ndio manake nanasi la kopo halifanyi hivo, lishapashwa moto kiwandani, na hemu za Marekani zilizoenea kwenye picha zinapikwa na vile vipande vya kopo.

Kwa hio ukitaka nanasi masharti ni haya, loweka nyama kwenye nanasi bichi saa moja au mbili tu ukitaka kuilainisha, au lichemshe nanasi kwanza kabla halijagusa nyama, na rojo lichanganye na kitu kizito, mimi naweka kijiko kimoja au viwili vya ukwaju na hapo linakuwa tamu kweli. Ambayo ni kusema tumerudi kwenye ukwaju.

Tende sitakaa nazo sana. Zinatoa rojo zito jeusi linalong'aa na baada ya Ramadhani kila nyumba ina pakiti iliyobaki, lakini hazina ukali hata kidogo, na sukari yake ni ya aina inayoungua mapema. Zitumie badala ya sukari guru kwenye lile rojo la ukwaju, tende laini kama 10 zilizotolewa kokwa na kulowekwa, usage pamoja. Ni chatne ya bajia hio hio, na kwenye mbuzi mkubwa mwenye nyama nyeusi nadhani inapita hata ile ya sukari guru.

Kabla ya rojo kuna nyama yenyewe na hapa watu wanapoteza pishi mapema. Bucha mwambie wazi, "kaka nikatie paja la nyuma zima, mfupa usiuvunje, nikatie tu pale kwenye goti," usipomwambia atalipasua vipande vya mchuzi kwa mazoea kabla hujamaliza kusalimia. Wenye kutaka nyama laini zaidi wachukue mkono, ule wa mbele una mafuta na mishipa ya kuyeyuka zaidi, lakini hauna umbo la kukata vipande vizuri mezani. Kondoo ana mafuta ya juu ya kutosha na ndio wa karibu zaidi na hemu kwa umbo, unaweza kuchanja vile vidirisha na kuchomeka karafuu, na ukwaju kwake ni lazima manake mafuta yake bila ukali yanaganda mdomoni. Mbuzi hana hayo mafuta, yeye mchome mashimo kwa kisu chembamba umtie thomu na tangawizi na chumvi ndani, kijiko kimoja cha chumvi kwa kila kilo ni sawa, na umlaze frijini usiku mzima. Ile chumvi ya usiku ndio inayofanya kazi ambayo hemu imefanyiwa kwa siku nyingi.

Alafu kanuni moja haina tunda, ni kwa yote: rojo ni la mwisho. Nyama ya mbuzi inataka muda mrefu wa moto wa taratibu ndani ya mvuke ili mishipa iyeyuke, na sukari haiwezi kungoja muda huo. Sukari ya mezani inaanza kugeuka rangi kwenye nyuzi joto 160 hivi za Selsiasi na ile ya tende na asali mapema zaidi, hata 110 inatosha kuianzisha, kwa hio ukipaka tokea mwanzo ikifika nyama kuiva juu ni makaa. Kwenye oveni weka nyuzi 160, paja kwenye trei na vikombe viwili vya maji au supu, funika foili ibane kabisa, saa mbili na nusu mpaka tatu kwa kilo 2, mpaka uma uingie bila kugombana. Fungua, mwaga ile supu kwenye bakuli usiitupe, futa nyama juu ikauke kidogo kwa sababu rojo halishiki kwenye maji, pandisha moto nyuzi 200 na sasa ndio upake. Ukwaju paka mara tatu kila baada ya dakika 7 au 8. Embe paka mara nne jembamba kila dakika 5 na usiondoke. Nanasi kama ukwaju.

Kwa makaa hesabu inabadilika na uchaguzi wenyewe unabadilika, na najua wengi wetu ndio tunatumia makaa, ama kwa kupenda ama stima ikipotea mchana wa sikukuu. Chemsha paja kwanza kwenye sufuria kubwa na maji kidogo lililofunikwa mpaka lilainike, kwenye seredani, alafu lihamishie kwenye sufuria nzito pana kavu, makaa machache chini na upalie mengi juu ya kifuniko kama unavyopalia mkate wa sinia. Moto wa juu ndio unaokausha rojo. Sasa ule moto huna kitufe cha kuupunguza, kuna upande unawaka zaidi, na kila ukifunua kifuniko kuangalia lazima ukinyanyue na makaa yake kwa koleo na majivu yasimwagike ndani. Hapo embe ni la kuepuka kabisa, litaungua upande mmoja na upande wa pili bado linateleza. Ukwaju ndio wa makaa. Paka mara mbili tu badala ya tatu, dakika 10 kila mara, geuza sufuria nusu mzunguko katikati, basi. Tena ule moshi kidogo unaoingia unaupendeza ukwaju, embe unalifanya lionekane chafu.

Kwa hio ukiniuliza kwa kifupi, mwenye oveni nzuri, mwezi wa Disemba, watoto wengi mezani, na mtu wa kusimama jikoni, mimi mwenyewe nitamwambia apike embe na asijutie. Mwenye makaa, au mwenye wageni wengi, au mbuzi mkubwa wa harufu, au kondoo, ukwaju na asiangalie nyuma. Nanasi nampa mtu mwenye nanasi zuri mkononi ambalo hataki liharibike na yuko tayari kulichemsha.

Majirani zangu Wakristo wanaooka hemu yenyewe kwa Krismasi, kwenu mpangilio unageuka: nanasi na embe ndio mbele na ukwaju uwe kidogo wa kukata utamu, chumvi msiongeze hata punje kwenye rojo, na someni pakiti kama ishapikwa au bado. Iliyopikwa inataka kupashwa tu, nyuzi 160, kama dakika 35 hadi 40 kwa kila kilo, mbichi inataka muda zaidi mpaka ndani kabisa. Na zile za Kiitaliano zinazouzwa hapa mjini zimekatwa nyembamba za kuliwa hivo hivo na tikiti, hizo sio za kuoka, zina chumvi kali na zimekaushwa, kwenye oveni zitakuwa ngozi ya kiatu.

Ile supu mliyoiweka pembeni ikipoa toeni mafuta ya juu, ichemsheni ipungue nusu na mwagieni vijiko viwili vya rojo lililobaki, huo ndio mchuzi wa kumwagia wali wa nazi. Rojo lenyewe pikeni zaidi ya mnachohitaji, lakini litengeni mapema, la kupaka bakuli lake na la akiba chupa yake, brashi iliyogusa nyama isiingie kwenye chupa. La ukwaju likiwekwa hivo linakaa frijini wiki mbili bila wasiwasi na linaliwa na bajia, viazi karai, samaki wa kuchoma, kila kitu. La embe limalizeni ndani ya siku nne au tano.